Walianza na Kufuli



Kila mswada wa kubadilisha katiba unapoletwa, kuna jibu moja tunalisikia barazani, maskani na kwenye magrupu ya WhatsApp: "Bora Mahakama ya Kadhi isiguswe. Hayo mengine ni ya wanasiasa." Wanaosema hivyo si watu wabaya. Wengine ni wazee wetu tunaowaheshimu. Lakini jibu hilo ni hatari, na leo tunataka kueleza kwa nini. Ni refu kidogo, vijana mvumilie msome mpaka mwisho.

Hoja yetu ni moja. Anayetaka kuibomoa katiba haanzi na kile unachokipenda. Anaanza na kufuli, yaani kile kifungu kinachosema katiba itabadilishwa vipi na kwa idhini ya nani. Kufuli likishalegezwa, vilivyomo ndani vinatolewa kimoja kimoja, kwa miaka, na kila kimoja kinatolewa kwa sababu inayosikika nzuri. Bandu bandu huisha gogo. Kenya ilishafanyiwa hivyo mara moja. Katika waliolipa bei kubwa, watu wetu walikuwa mstari wa mbele. Na siku zote hizo Kadhi alikuwa amekaa kwenye kiti chake.

KUFULI LA KWANZA

Katiba ya uhuru ilijadiliwa Lancaster House, London, ikaanza kazi 1963. Ilikuwa na kasoro zake, tusiitukuze bure. Lakini ilikuwa na majimbo yenye mamlaka yake, ilikuwa na Seneti ya watu 41, mmoja kwa kila wilaya pamoja na Nairobi, na ilikuwa na kifungu kigumu cha marekebisho. Kubadilisha mambo ya kawaida kulihitaji asilimia 75 ya kura katika kila baraza la Bunge. Kugusa mambo mazito, kama haki za raia na mpango wa majimbo, kulihitaji asilimia 75 ya Baraza la Wawakilishi na asilimia 90 ya Seneti.

Hebu piga hesabu. Asilimia 90 ya maseneta 41 ni 37. Manake maseneta watano tu wakikataa, mswada umekwama. Mombasa, Kwale, Kilifi, Tana River na Lamu peke yao wangeweza kuizuia serikali nzima isiguse haki za raia. Hilo ndilo lilikuwa kufuli.

Halikuwekwa kwa bahati. Jamii ndogo ziliogopa kumezwa na jamii kubwa, na chama cha KADU, kikiongozwa na Ronald Ngala, mtoto wa Pwani, kilishikilia majimbo kwa sababu hiyo. Oktoba 1963, ukanda wa Pwani uliokuwa chini ya Sultani wa Zanzibar ulipoingizwa rasmi Kenya, Jomo Kenyatta na Waziri Mkuu wa Zanzibar, Mohamed Shamte, waliandikiana barua za ahadi: uhuru wa kuabudu utalindwa, Mahakama za Kadhi zitabaki, hati za ardhi za Pwani zitatambuliwa. Ahadi zilikuwa nzuri. Lakini ahadi inalindwa na kufuli, si na wino wa barua.

MWAKA AMBAO HATUFUNDISHWI

Novemba 1964 KADU ilijivunja, wabunge wake wakavuka kuingia KANU. Desemba mwaka huo Kenya ikawa jamhuri yenye Rais, na mamlaka ya majimbo yakaanza kupunguzwa. Halafu ukaja mwaka 1965.

Shuleni tunafundishwa 1963 na 1982. Hii 1965 tunarukishwa. Ndio mwaka ambao Bunge lilibadilisha namna ya kubadilisha katiba. Ile asilimia 90 ya Seneti na asilimia 75 ya Baraza la Wawakilishi zikashushwa, ikawa asilimia 65 inatosha. Siku hiyo hakuna mtu aliyefungwa. Hakuna shamba lililochukuliwa, hakuna msikiti uliofungwa. Zilikuwa ni tarakimu tu kwenye karatasi. Mtu wa kawaida angesema, "Hayo ni ya wanasiasa."

Sasa tazama kilichofuata. Mwaka 1966 peke yake katiba ilirekebishwa mara nne. Jaramogi Oginga Odinga na wenzake walipotoka KANU kuunda KPU, kifungu kikabadilishwa haraka ili mbunge anayehama chama arudi kwa wapiga kura. Mamlaka ya hali ya hatari yakapanuliwa, mlango wa kuwaweka watu kizuizini bila kuwafikisha mahakamani ukafunguliwa. Na mwisho wa mwaka huo, Seneti yenyewe ikafutwa kwa kuunganishwa na Baraza la Wawakilishi.

Utauliza: maseneta walikubali vipi kujifuta wenyewe? Maeneo bunge yaliongezwa ili nao wapate pa kukaa katika Bunge jipya. Usilisahau jambo hilo, tutalirudia.

Kati ya 1964 na 1968 katiba ilirekebishwa mara kumi. Mara kumi ndani ya miaka mitano, na wananchi hawakuulizwa kwa kura hata mara moja.

KADHI ALIBAKI, WATU WAKAUMIA

Hapa ndipo tunataka wale wa "Kadhi asiguswe" watusikilize vizuri.

Katika mageuzi hayo ya 1966, mamlaka ya Rais kutawala kwa amri Kaskazini Mashariki yalitandazwa mpaka Marsabit, Isiolo, Tana River na Lamu. Angalia hiyo orodha ya maeneo, halafu jiulize ni kina nani wanaishi huko. Mwaka 1970 ikaletwa sheria ya kuwakinga maafisa wa serikali wasishtakiwe kwa waliyoyafanya katika maeneo hayo hayo, kuanzia Desemba 1963 hadi Desemba 1967. Aliyeuliwa baba, aliyechukuliwa mifugo, aliyechomewa nyumba, hakuwa na mlango wa kubisha. Hali ya hatari Kaskazini haikuondolewa hadi 1991. Wagalla, pale Wajir, Februari 1984, ilitokea ndani ya kipindi hicho.

Sasa fungua katiba ya miaka hiyo, tafuta kifungu cha 66. Mahakama za Kadhi. Zipo, hazikuguswa. Bunge lililobadilisha karibu kila kitu halikuzigusa.

Kwa hiyo Mwislamu wa Isiolo alikuwa na Kadhi wa kumfungisha ndoa na kumgawia mirathi, lakini hakuwa na mahakama ya kuuliza ndugu yake aliyechukuliwa usiku amepelekwa wapi. Hii ndiyo gharama ya kulinda chumba kimoja na kuliacha lango la nyumba wazi. Tunaithamini Mahakama ya Kadhi, na yeyote atakayeigusa atatukuta mbele yake. Lakini Mahakama ya Kadhi peke yake haijawahi kumtoa Mwislamu kizuizini.

BANDU BANDU IKAENDELEA

Kufuli lililolegezwa na mmoja hutumiwa na wote wanaokuja baada yake. Kenyatta alilegeza, Moi akalitumia. Mwaka 1975 katiba ilibadilishwa ili Rais aweze kumsamehe mwanasiasa aliyezuiliwa kugombea na mahakama ya uchaguzi, na kila mtu alijua inabadilishwa kwa ajili ya Paul Ngei. Mtu mmoja. Juni 1982 kikaingizwa kifungu cha 2A, Kenya ikawa ya chama kimoja kisheria. Mwaka 1986 Mwanasheria Mkuu na Mkaguzi Mkuu wa Hesabu wakaondolewa ulinzi wa kazi zao. Mwaka 1988 ikawa zamu ya majaji, na polisi wakapewa siku 14 za kumshikilia mtuhumiwa wa kosa la hukumu ya kifo kabla ya kumfikisha mahakamani. Siku 14, kijana. Wewe unayejua saa 24 za kituo cha polisi zilivyo ndefu, fikiria siku 14.

Tuwe wa haki, kwa sababu dini yetu inatutaka tuwe wa haki hata kwa tusiowapenda: marekebisho si dhambi. Katiba si Qur'an. Ni kazi ya binadamu na inahitaji kurekebishwa. Miaka ya sabini umri wa kupiga kura ulishushwa kutoka 21 hadi 18. Mwaka 1990 ulinzi wa majaji ulirudishwa, mwaka 1991 kifungu cha 2A kikafutwa, mwaka 1992 Rais akawekewa mihula miwili. Mwaka 2008 katiba ilirekebishwa ili kuunda serikali ya muungano, baada ya damu kumwagika nchi nzima. Hayo yalikuwa mazuri. Ila haki unayopewa na mkono usiokuuliza, mkono huo huo utaichukua bila kukuuliza.

KUFULI LA 2010

Ndiyo sababu Wakenya walipigania katiba mpya kwa miaka mingi: Ufungamano, Bomas, kura ya maamuzi ya 2005 iliyoanguka, mpaka 4 Agosti 2010. Wengi tunakumbuka kwamba Mahakama ya Kadhi ilikuwa kati ya mambo makubwa ya kampeni ya "La". Mei mwaka huo majaji wa Mahakama Kuu walikuwa wamesema kile kifungu cha 66 kinapingana na katiba yenyewe. Kilichoamua si barua ya 1963. Kilichoamua ni kura. Asilimia 67 hivi ya waliopiga kura walisema "Ndiyo", na sisi Waislamu peke yetu hatuwezi kufikisha hesabu hiyo. Wakristo kwa mamilioni waliipigia kura katiba yenye Kadhi ndani yake. Tusilisahau hilo tunapozungumza na majirani zetu.

Katiba hiyo ina kufuli jipya, Sura ya 16, vifungu vya 255 hadi 257. Ni kurasa chache, zisome. Kifungu cha 255 kinataja mambo kumi yasiyoweza kuguswa bila kura ya maamuzi, yakiwemo haki za raia, muhula wa Rais, uhuru wa mahakama na tume huru, majukumu ya Bunge, mpango wa ugatuzi, na hiyo Sura ya 16 yenyewe. Yaani safari hii walilifungia kufuli lenyewe, 1965 isijirudie. Ili kura hiyo ipite, lazima wengi waunge mkono, na katika angalau nusu ya kaunti lazima asilimia 20 ya waliosajiliwa wajitokeze.

Njia za kufika huko ni mbili. Bunge linaweza kuanzisha mswada: usubiri siku 90 baada ya kusomwa mara ya kwanza, wananchi wahusishwe, kisha upite kwa theluthi mbili ya wabunge wote na theluthi mbili ya maseneta wote. Au wananchi waanzishe wenyewe kwa sahihi milioni moja za wapiga kura waliosajiliwa, IEBC izihakiki, mabunge ya kaunti yasiyopungua 24 yakubali, halafu Bunge.

Kufuli hili limejaribiwa. Okoa Kenya ilikwama 2016 kwa sababu sahihi halali hazikufika milioni moja. Punguza Mizigo ilipata sahihi, ikakataliwa na mabunge ya kaunti 2019. Halafu ikaja BBI, mtoto wa handisheki ya Machi 2018. Huyo alikuwa na nguvu za Rais nyuma yake. Alikuja na maeneo bunge 70 mapya. Na madiwani, kabla ya kupiga kura, wakaidhinishiwa ruzuku ya magari ya shilingi milioni 2 kila mmoja. Mnaikumbuka Seneti ya 1966? Wino mpya, mkono ule ule.

BBI iliangushwa Mahakama Kuu Mei 2021, ikaangushwa tena Mahakama ya Rufaa Agosti. Machi 2022 Mahakama ya Juu ikasema Rais hawezi kuanzisha marekebisho kwa njia ambayo katiba iliwawekea wananchi. Tukashangilia. Lakini mahakama hiyo hiyo ilisema jambo jingine ambalo wengi hatukulisikia kwa sababu ya kelele za furaha: nadharia ya kwamba kuna msingi wa katiba usioguswa, ile iliyoanzia India 1973, haitumiki Kenya. Kwa lugha ya mtaani: hakuna kifungu kisichoweza kubadilishwa. Chochote kinabadilika, mradi utaratibu wa Sura ya 16 ufuatwe.

Sasa mwenye kusema "bora Kadhi" asome tena ile orodha ya kifungu cha 255. Atafute jina la Mahakama za Kadhi. Halimo. Mawakili wanaweza kubishana kwamba zinalindwa na uhuru wa mahakama, na kwamba kifungu cha 24 ndani ya haki za raia kinazitaja. Sawa, ni hoja nzuri. Lakini ni hoja ya kupeleka kortini. Ulinzi wetu wa kweli ni lile kufuli zima, na uwezo wetu wa kulishika.

UFUNGUO UKO MFUKONI MWAKO, AU HAUKO

Soma tena masharti. Sahihi za nani? Za wapiga kura waliosajiliwa. Asilimia 20 ya nani? Ya wapiga kura waliosajiliwa. Kijana asiyesajiliwa hahesabiwi popote katika Sura ya 16. Kwa kufuli hili yeye hayupo.

Na ili usajiliwe, unahitaji kitambulisho. Hapa tunajuana. Kwa miaka mingi kijana wa Garissa, Mandera, Wajir na sehemu za Pwani aliitwa mbele ya kamati za kumchuja, alete cheti cha babu, alete shahidi, aje kesho, huku mwenzake wa kaunti nyingine akipata kitambulisho bila maswali hayo. Februari 2025 Rais alitangaza mwisho wa uchujaji huo. Vizuri. Lakini tangazo si kitambulisho mkononi. Kumnyima mtu kitambulisho ni kumtoa kwenye kundi la wanaoulizwa katiba ibadilishwe au isibadilishwe. Ni ile 1965 kwa njia nyingine: badala ya kupunguza asilimia, unapunguza watu.

Na mtu asituambie kelele za vijana hazifanyi kitu. Mwaka 2024 uliletwa Seneti mswada wa kuongeza muhula wa Rais kutoka miaka 5 hadi 7. Wakenya waliandika barua pepe kwa maelfu, wengi wakiwa vijana na simu zao tu. Kamati ya Seneti ikapendekeza mswada utupwe. Hiyo ndiyo maana ya wananchi kuhusishwa.

TUIANGALIE HAZINA

Julai 2025 Bunge la Taifa lilipitisha mswada wa kuingiza ndani ya katiba hazina tatu, ikiwemo NG-CDF, ingawa Mahakama ya Juu ilishasema 2022 kwamba sheria ya CDF ya 2013 ilikiuka katiba, na Mahakama Kuu ikasema vivyo hivyo 2024 kuhusu sheria iliyoifuata. Wanatuambia ni basari za watoto wetu. Ni kweli, watoto wengi wa Kwale na Tana River wamesoma kwa basari hizo, na hatutamdharau mzazi anayeogopa kuzikosa.

Lakini basari ni jambo moja, na mbunge kuwa mtunga sheria, mgawaji wa pesa na mkaguzi wa pesa hizo hizo ni jambo lingine. Hilo linagusa majukumu ya Bunge. Linagusa ugatuzi. Mambo yote mawili yamo katika ile orodha ya kifungu cha 255. Kwani wanaogopa nini kutuuliza kwa kura? Kama hazina ni nzuri, wananchi wataipitisha. Ubaya ni kuzoesha Bunge kuamua lenyewe kwamba jambo fulani halihitaji wananchi. Leo ni basari, na kila mtu anapenda basari. Kesho utaratibu uliozoeleka utatumiwa kwa jambo usilolipenda, na hutakuwa na pa kusemea kwa sababu mara ya kwanza ulinyamaza.

Wengine husema kufuli hili ni gumu mno, nchi haiendi mbele. Tunajibu: jepesi tulishalijaribu, kuanzia 1965 mpaka 2010. Waulize Wajir lilivyokuwa jepesi.

Kwa hiyo, ndugu na dada, tuache maneno tufanye kazi. Kama huna kitambulisho, kifuatilie wiki hii, na ukizungushwa, andika tarehe, jina la ofisi na ulichoambiwa, ulete malalamiko yako. Kama unacho, nenda IEBC ujisajili, kisha umpeleke mama yako na jirani yako. Soma Sura ya 16, ipo kwa Kiswahili pia, isomeni pamoja maskani. Na mswada ukitangazwa, usiulize kwanza "unamgusa Kadhi?" Uliza: wananchi wataulizwa, au hawataulizwa?

Kama hawataulizwa, basi umekugusa, hata kama jina lako halimo ndani yake.

Wabillahi tawfiq.